Uso wa Armand

Jumatatu, 6 Oktoba 1986

Tumefika. Baridi ya huku juu imenipokea kwa kofi. Kijiji chenyewe ni mtaa mmoja tu: kanisa, shule, mkahawa, duka la nyama, kwisha. Ng'ombe wameshateremshwa bondeni, mlima umebaki na ukungu wake. Hoteli imefunguliwa kwa ajili yetu. Mwenye hoteli anasema kila Oktoba hufunga akaenda kwa dada yake, na safari hii dada amenuna.

Kesho naanza filamu yangu ya tatu. Niiandike hapa ili nisijidanganye: ni hii au basi. Miaka yote ile niliwaandikia wengine maneno ya filamu zao, wao wakapanda jukwaani kuchukua tuzo, mimi nikakaa safu ya nyuma na koti langu mapajani. Filamu ya kwanza niliyoiongoza mwenyewe — nilisifiwa mpaka nikaogopa. Ya pili — ukumbi mtupu. Gazeti moja la Paris likaandika kwamba bibi huyu arudi kwenye taipureta yake. Kipande kile nilikichoma kwenye jiko. Bado nakijua chote kwa kichwa.

Gilbert, mtayarishaji wangu, hakunificha. Odile, alisema, jina lako peke yake halijazi hata teksi. Nipatie Armand Delcassé, mimi nitapata pesa.

Nikampata. Armand! Mama yangu alikuwa na picha ya mwigizaji huyu ndani ya mlango wa kabati. Ameshuka garini jioni na koti lake refu, akakumbatia kila mtu mpaka mpishi. Akanijia: "Haya mama, nioneshe nisimame wapi nife." Tulicheka mpaka ukungu ukasogea.

Jumanne, 7 Oktoba

Siku ya kwanza. Anacheza daktari mstaafu anayerudi kwenye nyumba ya wazazi wake mlimani. Aliingia mlangoni, kofia mkononi, akanusa hewa ya ndani — na nyumba ikajaa watu waliokufa. Hayo hafundishwi mtu.

Kitu kidogo tu. Asubuhi alijitambulisha kwa Bruno, mpiga picha wangu. Kabla ya chakula akajitambulisha tena. Na tulipokuwa tunafunga vifaa, tena, mkono mbele: "Armand. Nafurahi kukufahamu." Bruno anasema huo ni utani wa wakongwe. Kila mara anaucheka.

Nami nilicheka.

Alhamisi, 9 Oktoba

Sijui nianzie wapi.

Lilikuwa tukio la jikoni. Mwana anakuja kumwomba baba auze nyumba. Mwana ni Pascal, kijana wa Lyon, amezoea jukwaa, hana makuu. Kamera inazunguka. Pascal akasema maneno yake yote. Zamu ya Armand. Armand akamtazama. Akamtazama tena. Halafu taratibu, kwa sauti ya mtu mwenye adabu ambaye ameingiwa na hofu:

"Samahani, kijana. Nani kakufungulia mlango?"

Haimo kwenye mswada! Pascal akaduwaa, machozi yakamjaa, machozi ya kweli. Armand akarudi nyuma mpaka ukutani, akavuta kiti akakiweka mbele yake. Kama mtu anayejikinga.

Sikusema "kata". Ningeweza. Niliacha kamera izunguke mpaka mkanda ukaisha.

Makofi! Bruno anajifuta macho kwa shingo ya sweta. "Huyu mzee ni shetani! Kaitoa wapi hiyo?" Armand akageuka huku, akageuka kule, akatabasamu, akainama kidogo kama anavyoinama jukwaani. Mimi nilikuwa karibu kuliko wote. Alikuwa hajui anapigiwa makofi ya nini.

Jumapili, 12 Oktoba

Mapumziko. Armand alitoka kununua tumbaku hapo mkahawani. Mkahawa na hoteli vinatazamana, ukikohoa huku wanakusikia kule. Hakurudi. Nilimkuta nyuma ya kanisa, amesimama, sarafu zimo kiganjani.

"Odile." Alinijua. "Hoteli wameihamisha?"

Nikasubiri acheke. Hakucheka.

Tulikaa kwenye ukuta wa makaburi. Akasema yote bila kuzungusha, macho yake kwenye viatu. Hali ya kusahau imeanza tangu majira ya kuchipua. Inakuja, inaondoka. Mireille, binti yake, anajua na ameshatafuta mahali pa kumpeleka, pana bustani, pana watu wanaokulisha kwa kijiko. Nikamuuliza kuhusu daktari wa bima ya filamu, yule aliyempima mwezi uliopita na kutia sahihi kwamba yu mzima. Hapo uso wake ukawaka kidogo.

"Nilimchezea mzee mwenye afya. Nilicheza vizuri sana, wewe ungependa."

Halafu akanishika mkono. "Usiwaambie. Wakijua, mimi nimekwisha. Na wewe umekwisha." Hakunitisha. Alisema kama anayesema kesho mvua itanyesha.

Nikaahidi. Nilimwambia naahidi kwa ajili yake.

Jumatatu, 13 Oktoba

Picha za wiki iliyopita zimerudi kutoka maabara ya Paris. Tulitundika shuka kwenye darasa la shule, tukatazama. Tukio la jikoni lilipokwisha hakuna aliyesogeza kiti.

Sijawahi kupiga kitu kizuri namna hii. Ule uso! Unatafuta ndani ya chumba chake mwenyewe na hakuna kinachoitika. Nimeandika maisha yangu yote nikitafuta sentensi yenye uzito wa uso ule.

Armand alikaa pembeni yangu. Akaninong'oneza sikioni: "Mzuri, huyo mzee. Ni nani?"

Jumatano, 15 Oktoba

Naandika upya. Kila asubuhi nampunguzia maneno. Yaliyobaki nayabandika ndani ya kabati, chini ya sahani, hata kifuani kwa Pascal, ambaye nimemdanganya kwamba ndivyo wakubwa wanavyofanya kazi. Anaamini. Ananihurumia, maskini, anadhani ni mtindo wangu.

Yvette haamini. Huyu ndiye msaidizi anayefuatilia mswada, neno kwa neno. Leo alinifuata nje, tukavuta sigara kwenye baridi.

"Dada Odile, mimi si mtoto."

"Kwani nimesema nini?"

"Hujasema kitu. Ndiyo maana nimekuja. Yule baba anaumwa."

"Amechoka."

"Bima wakijua wanafunga kazi siku hiyohiyo. Sawa, hilo ni lako na Gilbert. Mimi nakuuliza jingine. Siku mbaya, unazitafuta?"

Nikajifanya sikuelewa. Akazima sigara, akaingia ndani.

Nazitafuta. Siku mbaya ndizo ninazoweka kamera karibu naye.

Jumamosi, 18 Oktoba

Mireille amekuja, amepanda treni halafu basi, na kikapu cha mapeasi. Mwanamke mkimya, mwalimu wa hesabu Tours, koti limekatika kifungo. Nilikuwa nimejiandaa kwa ugomvi. Hakuna ugomvi. Alimkata baba yake kucha palepale mkahawani, mbele ya watu, na Armand akamwachia mikono kama mtoto.

Baadaye tukabaki wawili.

"Anakula?"

"Anakula."

"Amefurahi. Sijamwona hivi tangu mama afariki. Kwa hiyo sitasema neno, maliza filamu yako." Akavuta kiti karibu. "Kitu kimoja. Haendeshi gari?"

"Hapana."

"Agosti alipanda nalo kwenye njia ya reli. Akalisimamisha katikati, akazima, akashuka kunyoosha miguu. Waliomtoa ni watu wa shambani. Mama Odile, chochote kile, usimpe funguo."

Nikamwambia awe na amani. Na ilikuwa kweli wakati nikisema. Lile tukio la mwisho, daktari anapoondoka peke yake na gari lake kuukuu kwenye barabara ya mlimani, nimelipangia mtu mwingine: fundi wa magari wa bondeni, amevaa kofia na koti la Armand, tunampiga picha kwa mbali. Nilishalipanga tangu Paris.

Jumanne, 21 Oktoba

Gilbert kafika kutoka Paris na gari jipya na viatu visivyofaa matope. Tukamwonesha picha shuleni. Alilia! Gilbert, ambaye kwenye mazishi ya mama yake alikuwa anapiga simu.

Chakula cha jioni, viazi vya kupondwa na jibini, divai nyekundu. Ananijaza glasi. Anasema tamasha la filamu la Mei watatuchukua, anawajua, watatuchukua na macho yamefumbwa. Anasema hakuna atakayekumbuka filamu ya pili. Anasema jina langu litaandikwa sawa na la Armand, herufi zilezile. Kisha:

"Ila lile la mwisho. Kofia na koti kwa mbali — hapana, mama. Watu wamekaa wanautazama uso ule filamu nzima, halafu unawanyima mwishoni? Nataka uso wake kwenye usukani. Bruno alale kiti cha nyuma na kamera, auchukue kwenye kioo."

Yvette akaniangalia kutoka upande wa pili wa meza.

Hapo ndipo palipokuwa mahali pa kusema. Nilifungua mdomo. Nikaomba chumvi.

Alhamisi, 23 Oktoba

Nilijaribu. Niiandike hapa kwamba nilijaribu. Nilimwambia Gilbert gari livutwe kwa trela, Armand ashike usukani bila kuendesha. Barabara ni nyembamba, upande mmoja ukuta wa mawe, upande mwingine hakuna kitu — trela halipiti. Nikamwambia gari lisimame, tulitikise kwa mikono. Akacheka.

Na Armand akatusikia. Leo ni siku yake nzuri, nzuri kuliko zote, macho makali, ameshawakumbusha watu majina ya mbwa wao. Akasimama katikati ya ua na fimbo:

"Nani kasema siwezi kuendesha? Wewe? Nilivuka milima ya Alps na lori la maziwa wewe bado huna meno! Ama naendesha, ama naenda kulala."

Watu wakashangilia. Bruno akapiga mluzi. Armand akanitazama mimi, mimi peke yangu. Hakuwa anatania. Aliniomba.

Nikasema sawa. Mwendo wa pole. Kutoka ghalani mpaka kwenye msalaba wa mawe kabla ya kona, hapo anasimama. Anaondoka, anasimama, basi.

Yvette alikuja chumbani. Hakukaa. Alisema mambo matatu: kwamba Bruno ana watoto. Kwamba Bruno ana haki ya kujua anapanda gari la nani. Na kwamba kesho yeye hapandi mlimani, nitafute mwingine wa kushika mswada.

Nimemwambia nitamwambia Bruno. Nitamwambia asubuhi, kabla hawajapanda.

Ijumaa, 24 Oktoba

Naandikia hapa barabarani, nimekaa juu ya ukuta wa mawe. Siwezi kusimama na siwezi kukaa bure.

Asubuhi ukungu. Bruno alikunywa kahawa mara mbili, akaimba. Nilienda kwake. Akaniuliza lenzi ipi, nikamjibu lenzi ipi.

Mara ya kwanza ilikwenda vizuri. Vizuri mno! Armand akaondoka pole, akabadilisha gia kama anakata siagi, akasimama kwenye msalaba kama tulivyoambiana. Akarudi kinyumenyume, akapiga honi, watu wakacheka. Bruno akatoa kichwa dirishani: "Huyu anafaa kuendesha gari la harusi!" Nilidhani yamekwisha. Niliegemea trekta.

Kisha jua likatoka. Mwanga mmoja, mrefu, wa dhahabu, kwenye majani yaliyokauka. Gilbert akanishika bega. Tena, alisema. Mara moja tu. Huu mwanga, Odile!

Nikaenda dirishani kwa Armand kumwambia tunarudia. Alikuwa amekaa sawa, mikono kwenye usukani. Akageuka. Akanitazama kwa heshima, akagusa ukingo wa kofia.

"Samahani, bibi. Hapa ni wapi?"

Kwa sauti ndogo. Nyuma Bruno alikuwa anapanga kamera yake, hakusikia. Hakusikia mtu. Na ule uso — ule uso hasa, ule wa jikoni, na mwanga umeuangukia wote.

Nilirudi nyuma ya mstari. Watu wote wakanigeukia. Nikasema: "Anza."

Gari likaondoka. Mwendo wa pole. Kisha si wa pole. Likapita msalaba. Likapita kona. Ukungu uliokuwa umekaa huko chini ukalimeza, tukabaki na mlio wa injini, halafu hata mlio ukapotea.

Gilbert anatabasamu, anadhani nimewapa maelekezo mapya. Nina redio ya upepo mapajani, ya kuongea na Bruno. Imekoroma, ikanyamaza. Sasa hivi imeita. Bruno. Anacheka kidogo, lakini si kicheko chake.

"Odile? Mzee ananiuliza kituo cha treni kiko wapi. Anasema ni lazima awahi. Hiyo imo kwenye mswada?"

Kila mtu ameisikia. Pascal amesimama. Gilbert ameinama kwangu, macho yanamng'aa, ananinong'oneza:

"Imo?"

Nimesema imo.

Amewaonesha watu kidole mdomoni, wanyamaze, wasiharibu. Wamenyamaza wote. Redio inaita tena, jina langu tu, jina langu, na kidole changu kiko juu ya kitufe na bado sijabonyeza.