Anwani ya Chumba cha Nguruwe

Maabara ya Mifugo,
Chumba cha Nguruwe,
S.L.P. 418.

Jumapili, 14 Juni.

Mpendwa mdogo wangu Matope,

Najua huko wanakuita kwa cheo, lakini mimi ndiye niliyekuogesha, kwa hiyo kwangu jina ni lile lile. Hujambo? Wifi hajambo? Wanangu wazima? Yule mdogo kifua kimepona, au bado anakohoa? Mwambie wifi asimfunike mno. Mama anasema mtoto hupumua hata kwa ngozi, na ukitaka kubishana na Mama, shauri yako. Sisi huku wazima. Mama magoti yanamsumbua baridi ikianza, ila mdomo haujambo kabisa.

Usishangae kupata karatasi badala ya simu. Kwenye simu unanikatiza, "sawa dada, sawa dada," halafu mtandao unapotea pale pale ninapotaka kukukamata shati. Barua haina mtandao. Kaa kitako usome mpaka mwisho.

Jana nilikuwa kwa Mama. Banda lipo, mabati ni yale yale, isipokuwa upande wa jua kali yalikwisha kwa kutu akaezeka mengine. Sasa ana jike mmoja tu na watoto wake, na bado anamkuna tumbo kwa gunzi la mahindi kama alivyokuwa akimkuna Bibi Harusi. Unamkumbuka Bibi Harusi? Swali la kijinga, najua. Nguruwe mwenye maringo vile, mpaka majirani wakampa jina, na wewe ukitoka shule huvui hata sare, unaingia naye kwenye tope mnalala ubavu kwa ubavu. Ndipo ulipopata jina lako. Nilikuwa nakusugua kwa jiwe la miguu, na Mama akipita ananiuliza, "Huyu mtoto ameoga kweli?" Nacheka hapa peke yangu kama mwehu.

Siku hizi hata ule mwaka wa homa unanirudia. Asubuhi Bibi Harusi alikataa makapi, yeye ambaye hakuwahi kukataa kitu. Masikio yakamgeuka rangi. Jioni hakusimama tena. Wakafuata wengine bandani, kisha banda la jirani, kisha la jirani wa jirani. Bwana mifugo akaja na buti zake, akasimama mbali, akasema ni homa ya nguruwe, haina dawa, chimbeni shimo mmwage chokaa. Basi, akaondoka. Hakuna aliyechukua hata tone la damu akachunguze homa ile ilitokea wapi na iliingiaje. Wewe ulikaa juu ya lile rundo la udongo tulipomfukia ukakataa kula, ukasema utasoma mpaka ujue kilichomuua. Sisi tulidhani ni maneno ya mtoto mwenye uchungu. Kumbe mwenzetu ulikuwa umeshaapa.

Na Mama naye, tangu mwaka ule, akaweka lile karai la dawa ya kuua vijidudu mlangoni mwa banda, na mpaka leo hapiti mtu bila kukanyaga humo. Mchungaji alikanyaga. Mwenyekiti wa mtaa alikanyaga na viatu vyake vipya, uso umemkunjamana. Wifi siku ya kwanza unamleta nyumbani alikanyagishwa dawa kabla ya kupewa kiti, maskini, akadhani ndiyo salamu yetu. Mwambie bado tunamcheka.

Sasa nikuambie kilichonifanya nikae chini nikuandikie.

Mkuu wetu wa maabara, yule tunayemwita Miwani kwa sababu ana mbili na zote huzitafuta zikiwa kichwani, aliniita akaniambia, "Wewe mkutubi, niandalie ramani ya dunia ya ukutani." Alitaka ionyeshe kila nchi imeandika makala ngapi za utafiti juu ya magonjwa ya nguruwe. Nchi iliyoandika nyingi nipake kijani kilichokolea, ya wastani kijani cha kawaida, yenye chache kijani hafifu, na isiyo na kitu niiache nyeupe. Ni ya kikao cha wakubwa cha mwisho wa mwaka. Wanataka kuamua kama chumba chetu cha nguruwe kiendelee, au kifungwe na majokofu yake wapewe watu wa kuku.

Basi nikakaa kwenye kompyuta, nikahesabu, nikapaka. Mdogo wangu, dunia hii! Kuna nchi zilizonimalizia penseli. Zile zenye mashamba makubwa ya nguruwe nilizitegemea, hizo sina neno nazo. Lakini ziko nyingine ambazo homa yetu hii haijawahi kukanyaga kwao, na wanaiandika kila kukicha kwa sababu wanaiogopa isije ikawaharibia biashara. Hofu yao ina maabara, ina mashine, ina vijana wa kutumwa. Halafu unashuka huku kwetu na kwa majirani zetu, ambako homa inaingia bandani bila kubisha hodi, karatasi nyeupe pe. Wanaozika hawaandiki, na wengi wanaoandika hawajazika. Niliitazama ile ramani nikaona aibu, ingawa mpaka sasa sijui ilikuwa aibu ya nani.

Ndipo nikaikuta makala yako. Ile ya mwaka jana, ulipokuja likizo homa ikazuka tena mtaani, ukazunguka mabanda yote na Sindano, fundi wetu wa maabara, mnatoa damu, mnachafuka kama watoto. Sikuwa nimeiona ikiwa imechapishwa. Lugha yenu ya kitaalamu inanitoa jasho, lakini nilijikokota nayo, nikafika pale ulipoandika juu ya banda la mfugaji mmoja mwanamke, lenye karai la dawa mlangoni, ambalo nguruwe wake hawakuugua wakati mabanda ya kila upande yaliugua. Nikashika mdomo. Mama! Mama yetu na karai lake wamo kwenye jarida linalosomwa dunia nzima! Nilitamani kukimbia barabarani nimwambie kila mtu.

Kwa furaha ile nikachukua penseli nikaipaka nchi yetu kijani hafifu. Sikufikiri mara mbili. Nguruwe wetu, damu yetu, karai la Mama, mwandishi amezaliwa kile chumba cha nyuma. Ingekuwa makala ya nani tena? Ramani ikatundikwa kwenye korido. Sindano alipoiona aliweka kidole pale kwenye kijani, akasema, "Hapa ni sisi," kisha akaenda kumwita mfagiaji, na mlinzi wa getini, waje waone. Siku nzima watu walipita wakitazama ukuta. Miaka mingi sijaona korido ile ina furaha.

Kesho yake Miwani akaja kuikagua. Alipofika kwetu akavua miwani, akavaa ile nyingine. Akaniuliza, hii imetokana na makala gani? Nikamletea kwa maringo ya Bibi Harusi mwenyewe. Akacheka, kisha akaacha kucheka. Akanieleza kwamba makala huhesabiwa kwa nchi ya anwani ya kazini iliyo chini ya jina la mwandishi. Nguruwe walifia wapi, hilo halihesabiwi. Na chini ya jina lako kuna anwani moja tu, ya huko. Sindano umemshukuru mwishoni, mstari mmoja, kwa herufi ndogo kama za kwenye chupa ya dawa. Kwa hiyo karai la Mama limeongeza kijani kwenye nchi ambayo nilishaikoleza mpaka karibu iwe nyeusi. Akanipa kifutio.

Nilifuta, na nililia nikifuta. Sindano alikuwa amesimama pale pale, akarudi chumbani kwake kuosha vioo vyake vya maabara.

Sikugombezi. Huko wamekupa mashine na nafasi, nasi tulikupa matope tu. Wala sisemi umekataa kwenu; mkataa kwao mtumwa, na mimi sikulea mtumwa. Naamini hukuwaza tu. Uliandika anwani ya meza uliyokuwa ukifanyia kazi, kama mtu yeyote. Lakini imeniuma, Matope, na kwako sijawahi kuficha kinachoniuma.

Jana nilimweleza Mama. Alikuwa anamkuna yule jike, hakuinua uso. Akauliza, "Kwani nguruwe walifia huko kwake?" Nikamwambia hapana Mama, ni kanuni yao tu. Akasema, "Basi mwambie aandike kwao." Akaendelea kukuna kama hajasema kitu.

Sasa ombi langu ni hili. Uliniambia kuna makala ya pili iko mbioni, ya damu ile ile. Nimemuuliza Miwani: mwandishi anaruhusiwa kuweka anwani mbili chini ya jina lake, na huko hawatapungukiwa hata na nukta. Weka na yetu, na jina la nchi yetu chini yake. Na Sindano mtoe kwenye shukrani, umweke juu pamoja na waandishi, maana nusu ya kazi ile aliifanya yeye katika chumba hiki. Sikuombi urudi. Ningependa urudi, nisikudanganye, kila nikipita kwenye lile tope nakuona, lakini hilo siliombi. Naomba mistari michache ya anwani, na iwahi kabla ya kikao.

Kwa maana chumba hiki kikifungwa, Sindano atapelekwa kwa kuku, na homa itarudi, wewe waijua tabia yake. Itarudi, na atakuja mtu wa buti, atasimama mbali, atasema chokaa. Na mtoto wa mtu atakaa juu ya udongo akatae kula, na hatakuwepo wa kumwambia nguruwe wake ameuawa na nini.

Mama anakusalimu sana, anauliza kama huko unakula. Sindano anakusalimu, hajui kama nimekuandikia haya, usimwambie mpaka makala itoke. Miwani naye salamu zako amezipokea, alikuwa anatafuta miwani. Mbusu wifi, wabusu wanangu, waambie shangazi yao anawadai picha. Mungu akufunike popote ulipo, akurudishe siku moja ukiwa mzima na miguu yako miwili, maana kuna karai linakungoja mlangoni.

Ramani bado iko ukutani. Penseli yenyewe ilikuwa ya bei rahisi, haikufutika vizuri. Ukiisogelea, kijani bado kinaonekana kidogo. Miwani amesema nikifute tena kabla ya kikao. Nimemwambia nitafuta, lakini bado sijakishika kifutio. Na ile anwani iliyo juu ya barua hii si ya nyumbani kwangu, umeiona. Nimeiandika kwa makusudi, kwa mwandiko wa kusomeka, ili uinakili kama ilivyo.

Mimi niliyekusugua matope, na ambaye sijaacha kukupenda,

Dada yako.