Jina la Ng'ombe

Thika, Jumamosi

Dada Wangechi,

Huku mvua imenyesha, natumaini na Ruiru pia. Leo chama chetu cha washauri wa saikolojia kilikuwa na mkutano. Kahiga, yule mshauri niliyekupeleka kwake baada ya mazishi, alisimama kutufundisha kutunza siri za wateja. Akatoa mfano wa mjane anayempigia marehemu mumewe simu kila asubuhi, kumwambia ng'ombe ametoa maziwa kiasi gani. Ukumbi mzima ukacheka. Jina lako alilificha, mbwa huyo, lakini la ng'ombe akalitaja. Nani mwingine ana ng'ombe anaitwa Purity? Kisha wakamchagua mwenyekiti wa maadili!

Usirudi kwake. Nami usinishukuru: kabla hajamtaja Purity, nilikuwa nimecheka nao.

Mdogo wako,
Nyakio