Fika Kwanza, Ndipo Uzime

Nyumbani,
Chumba cha mbele,
Jumapili jioni.

Mpendwa mdogo wangu,

Salamu kwanza, maana tulifunzwa adabu. Hujambo? Kifua kimepona? Mkeo mzima? Sisi hatujambo, cherehani inazunguka na mama anakula vizuri. Salamu zimekwisha. Sasa nikwambie kwamba nimekukasirikia, mpaka jana usiku nimemshonea mteja mkono wa kushoto upande wa kulia.

Ulipotuma ile mashine mpya ya gemu, nilikusifu kwa kila aliyekuja kupimwa nguo. Ndani yake nikakuta gemu yetu ileile ya vigari, ya utotoni, ila sasa barabara zinaonekana safi, na tunaweza kushindana wewe ukiwa huko na mimi hapa sebuleni. Mashine imebadilika. Wewe hujabadilika hata kidogo. Enzi zile ukiona unashindwa, unakanyaga swichi kwa kidole gumba cha mguu na kusema umeme umekatika, huku taa inawaka. Mama alishasema vyombo aoshe aliyeshindwa, lakini nikaosha mimi.

Jana Jumamosi umefanya yaleyale. Kona ya mwisho nimekupita, na kigari chako chekundu kikatoweka barabarani. Mara ya ngapi hiyo? Asiyekubali kushindwa si mshindani, na wewe una mke na ndevu.

Ungekuwa unanikimbia mimi tu, ningecheka. Lakini pembeni yangu huwa amekaa mama. Macho yake yamepungua nuru sana. Picha unazotuma kwenye simu anazishika tu ili asituudhi. Kile kigari chekundu kwenye runinga anakiona. Anaacha usingizi wake wa mchana, anavaa gauni la kutokea, anakusemesha: "Taratibu baba, kona hiyo." Kikipotea, ananiuliza kama umepata ajali.

Nikawa nakusitiri, nasingizia mtandao. Njia ya mwongo ni fupi. Jana hiyohiyo mama akamwita fundi wa mtandao, akamgombeza, akampandisha juu ya paa na jua lile. Maskini kashuka na vumbi hadi kwenye kope, akasema, "Mama, mtandao wako mzima. Huyo anatoka mwenyewe."

Baadaye jikoni mama akaniambia, "Kama amechoka kukaa na mimi, si angesema tu." Leo mchana nimewasha mashine nikamwita. Amesema ana usingizi. Alikuwa amekaa kitandani, macho wazi.

Ndiyo maana nina hasira, na sitakuficha: nimelia pia.

Jumamosi ijayo chagua kile chekundu. Mama nitamleta mimi, hata kwa kumbeba. Nitakupita, tena bila huruma. Wewe endesha. Gonga ukuta, zama topeni, fika wa mwisho, lakini fika. Tangu tuanze mchezo huu mama hajawahi kuniuliza nani kashinda. Anauliza kama umefika.

Msalimie mkeo, mwambie akushike huo mkono unaotafuta swichi. Shangazi anakusalimu, na Bonge wa duka la mkabala pia. Fundi wa mtandao hakusalimu. Mungu akulinde, akufikishe salama kila uendako.

Wako akupendaye, hata leo,
Dada yako.