Kumpeleka Baba Mbooni na Gari ya Stima

Jumatatu, 4 Agosti

Nimechomoa waya saa kumi na mbili asubuhi. Betri imejaa. Nimepeleka rangi na misumari Kitui mjini, nimerudi Kwa Vonza, imebaki asilimia hamsini na nane. Wiki jana ilibaki sitini na mbili, njia ile ile. Betri inazeeka. Sijaambia bosi.

Vijana wa boda wamenicheka tena pale stendi. "Kyalo, leo umeipea uji?" Nimecheka pia. Nikapandisha dirisha. 

Jioni shangazi amepiga simu kutoka Mutomo. Daktari amesema Baba arudishwe nyumbani. Hakuna kitu ingine watafanya.

Jumanne, 5 Agosti

Bosi amekubali nitumie gari mpaka wiki ijayo. Niliomba kwa meseji na alikuwa amekaa mita kumi kutoka kwangu. Amesoma, akainua macho, akasema, "Sasa hii si ungekuja tu uniambie?" Nilitazama chini.

Baba hawezi kukaa kwa matatu. Lazima alale. Hii gari kiti ya nyuma inalala.

Nimefungua kitabu yangu ya njia. Niliishia darasa la sita lakini kujumlisha naweza. Kila safari naandika: nimetoka na ngapi, nimefika na ngapi, mlima iko wapi, soketi ya nguvu iko wapi. Barabara tambarare haisumbui. Mbooni ndio shida. Kupanda tu, kutoka chini mpaka kwetu, inakula asilimia thelathini kama niko peke yangu. Na baridi ya Agosti inakula yake. Kushuka inarudisha kidogo, lakini hii safari hatushuki.

Mpango: Alhamisi, Mutomo, nichaji kwa shangazi. Ijumaa, Makindu, tulale kwa ile loji iko na soketi nje. Jumamosi, Kathonzweni, nichaji masaa matatu pale kanisani. Halafu nipande.

Nimepigia mlinzi wa kanisa. "Kuja tu," amesema.

Alhamisi, 7 Agosti

Nimefika Mutomo na asilimia kumi na tisa. Nikachomeka kwa dirisha ya shangazi, nikaenda hospitali.

Baba amekuwa mdogo. Mkono yake ni kama ya mtoto. Lakini sauti iko. Alitaka shangazi atoke kwanza akalete maji. Halafu akaniambia.

Anataka kuondoa kiumo, ile laana aliwekea Mueni.

Mueni ni dada yangu mkubwa. Miaka sita imepita. Baba alikuwa amekula mbuzi za ntheo, zile za kufunga ndoa, na kwetu ukishakula hizo msichana ni wa wenyewe. Bwana yake akampiga mpaka akamvunja mkono. Mueni akarudi nyumbani usiku na miguu. Baba akamkuta kwa geti, akasema mbele ya baba mkubwa Nzioka: hutakanyaga hii boma, nikiwa hai ama nikiwa kaburini. Tangu hapo Mueni amezika watoto wawili huko Wote. Watu wanasema ni kiumo. Mimi sijui. Mueni anaamini.

Nikamwambia Baba, si nimpigie simu umwambie sasa. Akakasirika. "Neno nilitoa kwa geti. Nitalirudisha kwa geti. Na Nzioka asikie, kwa sababu ile ya kwanza alisikia."

Nimepigia Mueni. Amelia sana. Atatungoja kwa geti Jumamosi saa tisa.

Baba mkubwa nimemwambia tu tunakuja. Hiyo ingine sikumwambia. Yeye huongea kwa nguvu na mimi nikisikia hiyo sauti maneno yanaisha. Baba atamwambia mwenyewe tukifika.

Ijumaa, 8 Agosti

Makindu. Tumefika na asilimia kumi na nne. Njia yote nimeendesha pole pole, malori yakinipigia honi. Baba ameongea kidogo tu. Ameuliza kama kwetu kumenyesha. Ameuliza kama Mueni amenenepa. Nimesema sijui. Amesema Mueni alikuwa mtoto wa kucheka sana.

Amekunywa uji kikombe nusu. Gari inachaji nje. Nimeenda kuiangalia mara nne.

Jumamosi, 9 Agosti. Asubuhi

Naandika nikiwa ndani ya gari, Kathonzweni, kando ya kanisa. Kuna matanga.

Nilihesabu kila kitu. Sikuhesabu Jumamosi. Mkamba gani anasahau Jumamosi ni siku ya kuzika?

Hema tatu. Watu wamejaa mpaka barabarani. Ile soketi ya nguvu imechukuliwa na spika. Mlinzi nimemwona mbali, amebeba viti. Nimemwinulia mkono. Hakuniona.

Betri, asilimia hamsini na sita. Kufika tu chini ya mlima itakula kama ishirini na tano. Nikipanda hivi na Baba ndani, pengine nafika, pengine nakwama kwa kona. Nitangoja wamalize maombi.

Wameanza kusoma historia ya marehemu. Baba ameniuliza, "Tumefika?" Nimesema karibu.

Jumapili, 10 Agosti

Naandika ya jana.

Niliketi masaa matatu. Nilitoka kwa gari mara mbili, nikafika karibu na hema, watu wakageuka kuniangalia, nikarudi. Ni hivyo tu. Hakuna sababu ingine.

Mama mmoja wa jikoni alituletea chai. Akachungulia nyuma, akaona Baba.  Akaenda mbio. Pasta akaja mwenyewe, jasho kwa uso.

"Kijana, uko na mgonjwa na umekaa hapa kimya? Ungesema tungezima spika! Na pikapu zilikuwa hapa tatu, zimetoka sasa hivi na jeneza. Mmoja angekupeleka mpaka mlangoni kwenu!"

Nikasema pole. Sijui nilikuwa namwambia nani pole.

Wakachomoa spika wakanichomekea. Wamama wakashika Baba wakamgeuza, wakampangusa. Nilikuwa naangalia namba kwa kioo ya gari. Sitini. Sitini na tano. Ilipofika sabini na mbili nikamwambia Baba twende. Akafungua mdomo. Sauti haikutoka. Akajaribu tena. Upande mmoja wa mdomo ulikuwa umelala.

Nilikuwa naangalia namba. Sikuwa namwangalia yeye.

Mlimani kulikuwa na ukungu na manyunyu. Betri ilishuka kuliko kitabu yangu. Kona ya tatu kutoka kwetu gari ikasema basi. Wamama wa mwethya, kile kikundi cha kusaidiana shambani, walikuwa wanatoka kuchimba matuta, majembe kwa bega. Sikuwaambia kitu, hata hapo. Waliona wenyewe. Wakaweka majembe juu ya gari wakasukuma, mmoja akianzisha wimbo na wengine wakiitikia. Mmoja akasema, "Gari ya kisasa, petroli yake ni sisi!" Wakacheka, halafu wakaona Baba, wakaacha wimbo, wakasukuma.

Mueni alikuwa kwa geti. Nje. Leso ya kijani. Amekonda.

Baba mkubwa Nzioka akatoka na wazee wawili. Hakuwa anajua. Alimwona Mueni akauliza, "Huyu amekuja kufanya nini? Kumalizia mzee?"

Nikafungua mlango ya nyuma. Baba akamwona. Akaonyesha anataka maji. Nikampa kwa kikombe. Alitaka kumtemea Mueni kwa kifua, vile wazee hubariki. Maji ikamwagika kwa kidevu, ikaingia kwa shati. Akainua mkono mmoja kwa Mueni na mkono ukatetemeka, ukaanguka hivi, kama mtu anafukuza kuku.

Baba mkubwa akasema, "Mmeona. Hata sasa anamfukuza."

Mueni akaniangalia. "Kyalo, sema."

Wazee wote wakaniangalia.  Nilisimama na kikombe.

Mueni akageuka akashuka na ile njia. Baba akatoa sauti kama ya mbuzi. Sijawahi kusikia hiyo sauti.

Jumatatu, 11 Agosti

Baba amekufa saa nne asubuhi. Nilikuwa nampangusa miguu.

Jumatano, 13 Agosti

Nimerudisha gari Kwa Vonza. Kushuka Mbooni ilijichaji asilimia nane. Bosi amesema pole, nichukue siku zile nataka. Vijana wa boda hawakunitania. Mmoja amenipeleka mpaka stendi, akakataa nimlipe.

Nimepigia Mueni mara kumi. Hashiki.

Ijumaa, 15 Agosti

Shangazi amefika kutoka Mutomo. Tulikuwa tunatoa mawe kwa mchele. Nikamwambia yote. Yeye si mtu wa kupayuka, kwa hivyo nikaweza. Alimaliza kwanza mchele wa sinia yake. Halafu akasema mtu akifa kabla hajaondoa kiumo, ndugu yake, yaani baba mkubwa, anaweza kuiondoa. Lakini lazima mtu asimame mbele ya wazee aseme, mimi nilisikia kwa masikio yangu akitaka. Na iwe siku ya kuzika, kabla wazee hawajatawanyika.

Nikamuuliza kama yeye anaweza kunisemea.

"Mimi nilitumwa maji," akasema.

Jumamosi, 16 Agosti

Tumezika. Manyunyu kidogo, udongo nyekundu, mzito.

Waliniita kwa maikrofoni kama mtoto wa kiume. Nilikuwa nimepanga maneno usiku mzima. Nikasema, "Asanteni kwa kuja." Nikaketi.

Mueni amekuja. Shangazi ndiye alimwita. Hakuingia. Alisimama kule barabarani, juu ya ukingo, wakati wote, hata ile saa ya kutupa udongo. Kuna mtu alimpelekea mwamvuli. Bado ako huko, namwona kutoka hapa.

Niko nyuma ya ghala. Wazee wamekula. Wamekaa kwa viti vya plastiki mbele ya nyumba, baba mkubwa katikati. Mmoja ameshachukua fimbo yake. Mwingine anatafuta kofia.

 Sina maneno yoyote nimepanga. Naacha kuandika hapa, naenda kwao sasa, kwa sababu huyo mwenye kofia ameipata, na wakishapita geti imeisha, na hakuna mtu mwingine alisikia Baba akisema, ni mimi tu.