Besi ya Magesa

Jumapili, 4 Julai 1993
Nimepiga pasi shati la mwanangu Magesa, kanisani tukawahi. Kwarteti yao, watu wanne, yeye besi. Alianza miaka ile ya shida, sabuni hakuna, tulikuwaga tunafua kwa majani ya mpapai na shati lake bado linang'aa kuliko ya wote. Leo sauti imekwaruza. Kule chini hakufika. Watu wakatazamana. Nimeumia.

Jumanne, 6 Julai
Najua kinachomla. Tangu apunguzwe kiwandani anauza mitumba Bunda. Kutwa anapiga kelele, chagua, chagua. Koo la besi si la kuitia wateja. Na wajukuu zangu wale nini?

Ijumaa, 9 Julai
Mwalimu Masatu, kiongozi wao, kaja hapa Nyasho.
"Mama Magesa, tarehe ishirini na tano tunaimba kwenye mkutano wa kanisa Butiama. Asipopona, tutamchukua yule kijana wa Makoko."
"Mwalimu, yule analia kama mbuzi."
Kacheka. Neno lake hakulifuta. Magesa anaangalia sakafu. Kazi imekwenda, wakichukua na besi atabaki na nini.

Jumamosi, 10 Julai
Nimekwenda Bunda mwenyewe.
"Mama, utaniaibisha."
"Wewe funga mdomo, kunja nguo. Kelele niachie mimi."
Mdomo ninao, Nyasho nzima inajua. Gauni moja nimesema lilivaliwa na mke wa waziri huko Ulaya. Limenunuliwa hapo hapo. Mungu anisamehe.

Jumatano, 21 Julai
Bado nakwenda. Magesa anataja bei kwa vidole. Wateja wanamwita Bubu. Nikawaambia, huyu bubu mkimsikia Butiama mtatafuta pa kukaa. Kanikanyaga mguu ninyamaze.
Asubuhi, uji mkononi, alivumisha besi kidogo. Nikajifanya nasonga ugali, asijue namsikiliza. Ugali wenyewe haukuwapo.

Ijumaa, 23 Julai
Koo linaniwasha. Nimekunywa maji ya tangawizi, nikarudi kuita. Imebaki kesho tu.

Jumapili, 25 Julai
Butiama. Wameimba. Magesa akashuka, akashuka tena, mpaka benchi likatetemeka chini yangu. Mwalimu Masatu akafumba macho.
Mzee mmoja wa Mwitongo, hapo hapo Butiama, kageuka kuniuliza. "Yule wa besi ni mtoto wa nani?"
Hilo swali nalipendaga kuliko yote. Nikafungua mdomo. Hakuna kitu, sauti yote imebaki Bunda.
Nikaweka mkono kifuani.
Mzee akanipa mkono wake.