Jani la sale la Mzee Kileo

Discovery Gardens, Ijumaa usiku

Nimepiga ukuta wa bafuni mpaka vidole vimechubuka.

Leo mpima ardhi alifika nyumbani kupima kihamba, shamba letu la ukoo ambalo mangi, chifu wa zamani, alimpa babu. Akakuta jirani yetu, Mzee Kileo, ameyasogeza masale, mimea inayopandwa mpakani, ndani ya shamba letu. Bikoni, nguzo ya kuonyesha mpaka halisi, ilipochimbiwa, mzee akamkata mdogo wangu Elia panga la bega. Elia alikuwa akinionyesha kwa simu. Nikaona damu, nikasikia yowe, nami niko lindoni kwenye ghorofa la JLT, huku ughaibuni, madam mmoja mpangaji ananiuliza mbona simfungulii mlango.

Elia yuko hospitali. Mkono hausogei.

Jioni mzee kanitumia picha ya jani la sale lililofungwa fundo. Kwetu ukiletewa sale huwezi kukataa kusamehe, hata kama damu imemwagika.

“Pokea, mwanangu,” ameandika.

Nimeikuza picha. Nyuma ya jani naona bikoni imeng'olewa, na migomba ya mama. Anaomba msamaha akiwa amesimama ndani ya shamba letu.

Natafuta tiketi ya kwenda nyumbani kulipiza, na namwomba Mungu nisiipate.