Mama, Miti Yako Imehesabiwa

Mama yangu,

Tumelipwa! Nimerudi sasa hivi kutoka mjini, hata buibui sijalivua, nimekaa nnakuandikia. Wewe ndiye wa kwanza niliyetaka kumwambia, nikasahau kidogo kwamba haupo.

Nianze mwanzo. Baada ya arubaini yako walikuja watu wa mradi wa barabara. Njia yetu ya kutoka Bububu kupanda Kidichi inapanuliwa, inatiwa lami. Wakachora alama nyekundu chini ya dirisha la chumba chako, wakasema tuhame kabla ya masika. Kaka Hamadi akauliza habari ya fidia. Wakamjibu, "Ardhi ni ya Serikali." Basi. Shangazi akaanza kufunga vyombo.

Barabara mimi naitaka, Mama. Nitasahau vipi siku ile unaumwa, gari limekwama kwenye matope, nawe ndiye unayenambia, "Asya, usilie, tutafika"? Lakini miti ile umeipanda kwa mkono wako. Sikuweza kuondoka kama mpangaji aliyefukuzwa.

Nikenda Mji Mkongwe, kwenye ofisi ya msaada wa sheria. Akanipokea mwanasheria, msichana mdogo kuliko mimi. Akanambia: ni kweli ardhi ni ya umma, na Serikali inaweza kuichukua kwa barabara. Lakini haki yenu ya kuitumia, nyumba yenu na miti yenu ni mali yenu. Lazima mpewe taarifa, tathmini ifanywe nanyi mpo, mlipwe fidia ya haki kabla hamjavunjiwa. Msiporidhika, mahakama ipo. Nikamwomba arejee tena yote, nisije nikakosea.

Kwenye mkutano wa shehia nikasimama. Mimi, Mama! Nikauliza, "Mthamini yuko wapi?" Mhandisi wa mradi akasema, "Dada, unataka kuzuia maendeleo?" Nikamjibu, "Barabara tunaitaka, hata kesho ianze. Tunauliza haki zetu." Kina mama wakapiga vigelegele, utadhani harusi. Sheha mwenyewe, aliyeongoza mkutano, akacheka, akasema swali langu lijibiwe.

Mthamini akaja. Mara ya kwanza akaandika nyumba peke yake, miti akaipita. Nikakataa kutia saini, tukapeleka pingamizi, akarudi. Safari hii tulitembea naye mti kwa mti: mikarafuu, midalasini, mshokishoki, hata ule mkungumanga uliokuwa ukizungumza nao asubuhi ukidhani hatukusikii.

Kisha akauliza mrithi nani. Wakubwa wa ukoo wakajibu, "Hamadi." Mimi niliyesimama mkutanoni, nikainama nikajitia kuokota karafuu. Akasema Hamadi, na unamjua asivyopenda kusema mbele ya watu: "Muandike na Asya. Mama katuzaa sote, na kwenye mirathi ana fungu lake."

Mama... nililia pale pale.

Leo kila mmoja kalipwa kwa jina lake. Msingi wa nyumba mpya ushachimbwa, juu kidogo tu ya hapa, na Shangazi keshachagua chumba kabla hakijawa na ukuta. Siku ya kukatwa miti sitakuwepo. Hapo bado pananiuma, na fidia haipatibu.

Lakini sikiliza jengine! Wanawake wa Kizimkazi wamesikia habari zetu, wamenipigia simu. Kwao nako barabara inakuja, na washapewa karatasi za kutia saini bila ya kuelezwa kilichomo. Asubuhi nnakwenda huko na yule mwanasheria wangu. Mwanao, aliyekuwa akijificha nyuma ya kanga yako wageni wakija!

Pumzika, Mama. Mungu akupanulie kaburi lako na alitie nuru. Nnakuahidi, pakiulizwa tena mwenye mali ni nani, sitangoja mtu anisemee. Nami nshawaambia wa Kizimkazi: msitie saini kitu mpaka tufike.

Mwanao,
Asya